Wali wa kukaanga wa Kikorea na nyama ya mbavu: ninavyoupika mimi

Wali wangu wa kukaanga wa Kikorea huanzia kwenye sufuria ya nyama. Kikaango huja kesho yake. Ladha yote ninayoitaka kwenye wali ule, utamu uliochanganyika na chumvi na pilipili inayopanda taratibu, inatoka kwenye mchuzi wa nyama. Ndiyo maana nguvu zangu nyingi naziweka huko.

Wazo lenyewe ni la Wakorea. Mjini Chuncheon, Korea Kusini, kuna chakula maarufu kiitwacho dakgalbi, kuku wa pilipili anayekaangwa palepale mezani kwenye kikaango kipana cha chuma. Nyama ikikaribia kwisha, wali unamwagwa kwenye kikaango hichohicho, unachanganywa na sosi iliyobaki, unagandamizwa mpaka ushike ukoko. Wali wa kukaanga wanauita bokkeumbap. Mimi nimechukua utaratibu huo nikautumia kwenye mbavu za ng'ombe zilizopikwa kwa mtindo wa galbijjim, yaani mbavu zinazopikwa taratibu kwenye mchuzi wa soya mpaka zilainike, nyama ambayo Wakorea hupenda kuiandaa kwa Chuseok, sikukuu ya mavuno, na mwaka mpya wa Seollal.

Nachukua kilo moja ya mbavu zenye mfupa. Naziloweka kwenye maji baridi kama saa moja ili damu itoke, kisha nazichemsha dakika kama tano, namwaga maji yale yenye povu na kuziosha. Ukiruka hatua hii, mchuzi utakuwa na vumbivumbi la povu na harufu nzito, na harufu hiyo itakufuata hadi kwenye wali.

Kwenye blenda natia nusu kitunguu maji, nusu peasi, punje nane za kitunguu saumu na kipande cha tangawizi. Wakorea wana peasi zao, kubwa za mviringo zenye maji mengi, lakini peasi yoyote tamu inafaa, na hata tufaha linafaa. Wako wanaotia kiwi au nanasi ili kulainisha nyama. Kwa nyama itakayokaa motoni saa mbili sioni sababu: vimeng'enya vya matunda hayo ni vikali na nyama hulainika kupita kiasi, ikawa kama uji. Nikishasaga namimina juu ya nyama sufuriani, kisha naongeza nusu kikombe cha sosi ya soya, vijiko vitatu vya sukari, pilipili manga, na maji ya kufikia usawa wa nyama. Nafunika, moto mdogo, saa moja na nusu hadi mbili. Katika nusu saa ya mwisho natia kijiko kikubwa cha gochujang, lile rojo jekundu la pilipili na soya lililochachushwa. Pilipili na asali haviwezi kushika nafasi yake, kwa sababu kinachotafutwa pale ni ule uchachu wa kukaa miezi. Kama huna, acha mchuzi ubaki wa soya na saumu tu, nao utakuwa mtamu wa aina yake.

Baada ya hapo nyama inalala kwenye friji na mchuzi wake. Asubuhi mafuta yameganda juu kama sahani nyeupe, na chini yake mchuzi umekuwa jeli inayotikisika, kwa sababu mishipa na gegedu za mbavu zimeyeyuka ndani yake. Mafuta nayakwangua na kuyaweka kando, maana ndiyo nitakayokaangia. Nyama naitoa kwenye mifupa na kuichambua vipande vikubwa kidogo. Mchuzi nauchuja, naurudisha motoni bila kifuniko na kuuacha upungue mpaka ushike mgongo wa kijiko. Siri ya chakula hiki iko hapa. Mchuzi mwepesi unaulowesha wali na kuufanya bokoboko. Ulio mzito unaivika kila punje na kuing'arisha.

Wali nao unapikwa jana yake. Mchele wa Kikorea ni mfupi na unanata, kwa hiyo napunguza maji kidogo, na ukiiva nauanika kwenye sinia pana upoe upesi, kisha friji. Usiuache mezani usiku kucha. Kuna bakteria, Bacillus cereus, ambao mbegu zao hustahimili kuchemshwa, na wali ukikaa kwenye joto la chumbani hutengeneza sumu isiyoondoka hata ukiukaanga vikali. Wali uliolala kwenye friji unakuwa mkavu na mgumu kidogo, na ukiuvunjavunja kwa vidole vyenye tone la mafuta, punje zinaachana.

Kukaanga kwenyewe ni kazi ya dakika kumi, kwa hiyo kila kitu kiwe tayari karibu yako. Napasha kikaango kipana, natia yale mafuta ya nyama, kisha kimchi, kabichi ya Kikorea iliyochachushwa kwa pilipili, niliyoikamua maji na kuikatakata. Naiacha mpaka kingo zake ziwe kahawia. Wali unafuata, moto mkali, sahani mbili tu kwa mara moja, maana kikaango kikijaa wali unatoa mvuke badala ya kukaangika. Mchuzi mzito naumimina pembezoni mwa kikaango, kijiko baada ya kijiko, uguse chuma kwanza ndipo nigeuze. Nikifika vijiko vitatu au vinne kwa sahani mbili, naonja. Chumvi siongezi kabisa, sosi ya soya na kimchi zimeshamaliza kazi. Nyama inaingia mwisho, ipate moto tu.

Kisha napunguza moto, nagandamiza wali kwa mgongo wa mwiko uwe bapa na kuuacha bila kuugusa. Sikiliza: mwanzoni unachachatika kwa unyevu, halafu sauti inakuwa kavu, ya kupasukapasuka. Hapo ukoko umeshika, nao una sukari ya mchuzi, kwa hiyo dakika moja zaidi inatosha kuuunguza. Zima.

Mafuta ya ufuta natia moto ukiwa umezimwa, kijiko kidogo. Naona wengi wanakaangia nayo na inaniuma, maana yale ya ufuta uliokaangwa harufu yake haivumilii moto mkali. Juu naweka yai la kukaanga lenye kiini kibichi, majani ya kitunguu, ufuta, na vipande vya gim, mwani mkavu uliobanikwa. Karoti na njegere sitii, utamu umeshatosha.

Mchuzi mzito uliobaki nagandisha kwenye trei ya barafu. Mara nyingine nikiwa na wali wa jana tu bila nyama, vipande viwili vya mchuzi huo na yai vinatosha sahani moja.