Ulaanbaatar ya Januari, Nje ya Nyika

Nilipotoka nje ya uwanja wa ndege, ulioko bondeni kiasi cha kilomita 50 kusini mwa Ulaanbaatar, mji mkuu wa Mongolia, unyevu wa puani uliganda kabla sijafunga zipu ya koti. Teksi ilinitoza mara tatu ya nauli, kosa langu mwenyewe la kutouliza, na tulipokaribia mji harufu ya makaa ya mawe ikaingia ndani ijapokuwa vioo vilikuwa vimefungwa.

Nilikwenda kwa ajili ya filamu. Sinema ya Mongolia, iliyoanza na studio ya serikali mwaka 1935, ilijulikana ng'ambo kwa ngamia, farasi na wafugaji, na nakiri kwamba mimi pia nilianza kuipenda hivyo. Waongozaji wa sasa wameipa nyika kisogo. Zoljargal Purevdash, ambaye filamu yake ilikuwa ya kwanza kutoka Mongolia kuingia katika uteuzi rasmi wa tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwaka 2023, anamfuata kijana hodari wa fizikia anayehangaika kupata cha kuwashia jiko katika mitaa ya mahema ya jadi, pembezoni mwa mji. Baatar Batsukh naye ametengeneza filamu ya kutisha, ya mume na mke waliojitenga katika nyumba ya msituni, ambamo hujui umwogope nani.

Iliyonikaa moyoni ni ya Janchivdorj Sengedorj, iliyotwaa tuzo kuu ya tamasha la filamu la Tallinn, Estonia, mwaka 2024: mtu aliyetoka gerezani baada ya miaka 14 anaajiriwa kuendesha gari la maiti. Niliitazama kwa mwenyeji wangu, katika mtaa wa mahema uliopanda kilimani, kwenye kompyuta iliyowekwa juu ya kasha la nguo, huku mama yake akitumiminia chai ya maziwa yenye chumvi. Nililalamika kwamba kioo cha kompyuta kinafifia. Mwenyeji akacheka, akasema kioo ni kizima; mji wenyewe ndivyo unavyoonekana saa kumi na moja jioni ya Januari, kwa moshi.

Tangu 2019 ni marufuku kuchoma makaa ghafi mjini, hivyo mama alitia jikoni matofali ya makaa yaliyoshindiliwa, mawili kwa wakati, akiyahesabu. Nilitoka kwenda chooni, uani. Taa za bondeni hazikuonekana, ila mbwa walisikika, na kwa muda sikujua kama ni wa jirani au ni wa kwenye filamu.