Hesabu ya siku za Shungi

Riwaya ninayoiandika imesimama juu ya kalenda. Visiwa vya Shungi havipo kwenye ramani yoyote, nimevibuni mwenyewe, lakini siku zake nimezihesabu kwa makini kuliko kitu kingine chochote kitabuni, kwa sababu humo ndimo ugomvi wa hadithi nzima unamotoka.

Angani Shungi kuna miezi miwili. Mkubwa, Jabali, huzama gizani kila siku 30. Mdogo ana mbio, anaitwa Mtoro, naye huzama kila siku 12. Nilipozipanga hesabu hizi kwenye daftari la mraba kikajitokeza kitu ambacho sikukitafuta: miezi hiyo haipevuki pamoja hata siku moja. Jabali hupevuka siku ya 15, ya 45, ya 75. Mtoro siku ya 6, ya 18, ya 30, ya 42. Mmoja yuko kwenye witiri daima, mwenzake kwenye shufwa. Ndiyo maana mdaiwa sugu wa Shungi huambiwa kwamba atalipa siku ya mbalamwezi mbili.

Kinachokutana ni giza. Kila baada ya siku 60 miezi yote miwili hupotea usiku mmoja, na usiku huo ndio Giza Kuu. Mimi ni mtu wa Pemba, bamvua sikuisoma kitabuni: jua na mwezi vikikaa mstari mmoja maji hujaa sana na kupwa sana, mwezi ukiwa nusu yanakuwa maji mafu. Shungi miezi inayovuta ni miwili, kwa hiyo usiku wa Giza Kuu bahari hurudi nyuma mpaka matumbawe yanabaki wazi kati ya kisiwa na kisiwa, na mtu anavuka kwa miguu. Saa nimeiacha ile ile ya kwetu siku za bamvua, maji yanakupwa kabisa mnamo saa nne, ya asubuhi na ya usiku. Siku ya 30 nayo maji hutoka vivyo hivyo, ila Mtoro anakuwa mpevu anamulika, na anayevuka anaonekana na walinzi. Na Jabali akipevuka, Mtoro yuko nusu, anamvunja nguvu. Usiku wenye mwanga mzuri kabisa hauna bamvua ya maana.

Majina ya miezi na siku nimeyaweka mwisho, na mengine bado sina. Naamini kalenda huzaliwa na mtu mwenye haja ya kujua siku: mvuvi, mkulima, mtoza kodi. Nikishajua nani anahesabu na anahesabu kwa ajili gani, majina yanakuja yenyewe.

Kasri la Shungi liko ufukweni, na watu wake wanahesabu Giza. Giza sita ni mwaka, siku 360. Lakini mpunga haufuati miezi, unafuata jua, na mwaka wa jua huko ni siku 365 kamili, bila ile robo yetu. Wakulima nimewapa hesabu ya wazee wa pwani yetu, ile ya miongo: tangu Nairuzi, siku ya kwanza ya mwaka wa jua, unahesabu siku kumi kumi, miongo 36, zinabaki siku tano. Kwa hesabu hiyo manahodha walijua kusi inaingia lini na wakulima wapande lini. Makunduchi, Unguja, bado wanaipokea siku hiyo ya mwaka kila Julai, wanaume wanachapana kwa migomba ili chuki za mwaka ziishie pale. Huko Shungi, Mize, msichana wa hadithi yangu, anafunga fundo moja kwenye ukambaa kila mwongo ukiisha. Siku tano za mwisho hazifungiwi fundo, na ndani yake hadaiwi mtu.

Sasa tazama. Kila mwaka Giza la sita linawahi siku tano mbele ya mavuno. Baada ya miaka 12 limewahi siku 60, na karani wa kasri anafika kudai mpunga ambao bado u kijani shambani. Hili sikulitoa hewani. Khalifa al-Mu'tadid wa Baghdad, aliyetawala tangu 892 hadi 902, aliisogeza Nairuzi ya kodi hadi Juni 11 kwa sababu hiyo hiyo: mwaka wa siku 365 usioongezewa siku ulikuwa umeteleza, wakulima wakawa wanadaiwa kabla mazao hayajaiva. Niliposoma habari hiyo niliumia kwa ajili yao, na nikajua hadithi yangu inaanzia wapi.

Inaanzia na Mize mwenyewe. Kodi ya kichwa humwangukia mtoto akitimiza miaka 15 ya kasri. Kwa mafundo ya mama yake, bado siku 75. Karani hataki kuona ukambaa, ana daftari lake. Kwa hiyo wanakijiji wanangoja Giza la sita, usiku ambao maofisa wote wako karamuni kuufungua mwaka wao, na saa nne wanateremka pwani na mpunga wa akiba vichwani kuuvusha kisiwa cha pili, bila taa.

Hesabu nyingine nimeiweka kwa kitabu cha pili. Miaka 72 ya mkulima ni siku 26,280, nazo ni sawasawa na miaka 73 ya kasri. Mavuno 72, kodi 73. Siku mianzo ya miaka yote miwili itakapoangukia jua moja, Mize atakuwa kikongwe, na ataingia kasrini na mafundo yake pamoja na yale aliyorithi kwa mama yake, kudai kodi moja irudishwe.