Mama aliuliza kama mtoto amekula

Leo ni siku ya sita na bado nalisikia. Neno lenyewe ni moja tu, "haya," na aliyelisema ni Mama, akiwa amekaa pale anapokaa siku zote, kwenye kochi la dirishani, miguu juu ya stuli. Wiki hii nimethibitishwa kazini baada ya ile mikataba ya miezi mitatu mitatu niliyowalilia hapa tangu mwaka juzi, na Alhamisi wifi yangu kajifungua mapacha salama salimini, lakini nikilaza kichwa usiku si hayo yanayonijia. Inanijia "haya" ya Mama.

Mnajua kwamba tangu aje kukaa nasi hapa Umoja, Nairobi, kwa ajili ya macho, mimi ndiye msomaji wake. Jicho la kulia limefunikwa kabisa na mtoto wa jicho, la kushoto linaona mwanga na vivuli, na upasuaji tumeambiwa tungoje mpaka sukari ishuke. Tulianza na magazeti, siasa zikamchosha. Tukaenda kwenye mashairi, nayo anayaghani bila kitabu, mimi nikabaki kumfuata nyuma. Mwezi uliopita nikatoa riwaya niliyoiokota kwa wauza vitabu wa kando ya barabara kule mjini, ya familia moja ya Kiambu wakati wa emajensi, ile hali ya hatari Waingereza waliyoitangaza kupambana na Mau Mau. Imeandikwa kwa Kiingereza. Basi macho yangu yanasoma Kiingereza na mdomo unatoa Kiswahili, sentensi kwa sentensi, na nikisita Mama anajua nimekwama kwenye neno. "Liache hilo, twende mbele," husema.

Jumanne usiku ndiyo siku yenyewe.

Katika riwaya hiyo baba ni homugadi, mgambo wa upande wa Waingereza, na mwanawe mkubwa yuko msituni na Mau Mau. Nyumba moja, pande mbili za vita. Tulikuwa tumefika alfajiri ambayo askari wanakuja kumtafuta yule kijana. Mamake anamnyakua kitindamimba wake, wa miaka minne, anamtia ndani ya ghala la mahindi na kumwambia asitoe hata pumzi. Askari hawaondoki. Wanashinda pale bomani kutwa nzima, wanapindua vitanda, wanachoma mikuki kwenye mapaa, wanamhoji baba ambaye ni mwenzao. Nilikuwa nimekolea, nakiri. Mwandishi huyu anajua kazi yake, kila mlango ukilia roho inakuruka. Nikafika pale ofisa mzungu anapoegemea ghala na kuwasha sigara.

Mama akanikata.

"Na huyo mtoto, amekula?"

"Ngoja Mama, hatujafika."

"Nauliza, asubuhi kabla hawajaja. Alikuwa amekula?"

Nikarudisha ukurasa, nikapitisha macho. Hapakuwa na kitu. Na mimi nilitaka kujua kama yule ofisa atafungua ghala. Nikamwambia, "Mama, hii ni hadithi tu."

"Haya," akasema.

Kuna haya ya kuondoka safari, kuna haya ya kukubali bei, kuna haya ya kuwatoa watoto wakacheze nje. Hii haikuwa mojawapo ya hizo. Ilikuwa kama mtu anayerudishia mlango taratibu ili asimwamshe aliyelala. Nikaendelea kusoma kurasa mbili tatu, naye akasikiliza kwa adabu, kisha akasema usingizi umemjia. Haukuwa umemjia. Nilimsikia akigeukageuka mpaka saa nane.

Kinachonichoma ni kwamba maneno yale si yangu. Ni ya kaka yangu mkubwa. Mnakumbuka nilivyogombana naye mbele ya wageni, harusini kwa mpwa wetu, aliposema riwaya ni uongo uliopangwa vizuri na kwamba mtu mzima anayetaka kujua habari za vita asome historia. Nilimjibu mpaka sauti ikakauka. Nilimuuliza, wewe unakula nyama Kariakor kila Jumamosi, jina hilo unajua limetoka wapi? Limetoka kwa Carrier Corps, kikosi cha wapagazi wa Vita Vikuu vya Kwanza, waliobebeshwa unga na risasi Waingereza walipokuwa wakiwafukuza Wajerumani kule Tanganyika. Walikufa kwa makumi ya maelfu, na wengi hawakufa kwa risasi, walikufa kwa kuhara damu, malaria na njaa. Sanamu zao ziko Kenyatta Avenue na maandishi yake yanasema wapagazi walikuwa miguu na mikono ya jeshi. Sasa, nikamwambia kaka, historia itakupa 1914 na 1918. Mwenye miguu ile alikuwa na mke, na mke yule alifunika ugali kwa kawa akingoja, na ugali ukaota ukungu, naye akasonga mwingine. Nani atakupa huo ugali kama si mtunga riwaya?

Hayo nilimwambia kaka. Mama alipoulizia chakula cha mtoto, nikamwambia ni hadithi tu.

Jumatano nilimuuliza kama nisome, akasema nipumzishe macho yangu, yeye atasikiliza redio. Alhamisi ndiyo ile ya mapacha, simu zikalia usiku kucha. Kitabu kikabaki juu ya friji.

Ijumaa baada ya isha stima ikapotea. Nikawasha mshumaa, Mama akaomba ungo na mchele wa kesho. Hamhitaji mtu kwa kazi hiyo. Anautandaza mchele kwa kiganja, halafu vidole vinatembea pole pole kama vinahesabu, na kimoja kikifika kwenye kijiwe kinasimama, kinakichomoa, kinakitupa kwenye kikombe. Tik. Nilikuwa namtazama tu.

"Ilikuwa Shaabani inaisha," akasema.

Nikanyamaza. Nilijua nikiuliza ataacha.

Nimeangalia tarehe baadaye, na hakukosea. Msako ambao Waingereza waliuita Operesheni Anvil ulianza Jumamosi, 24 Aprili 1954, na Ramadhani ya mwaka huo iliingia mwanzoni mwa Mei. Jiji la Nairobi lilizingirwa alfajiri, watu wakatolewa mtaa baada ya mtaa kwa muda wa karibu mwezi mzima, Wakikuyu, Waembu na Wameru wakitengwa na wengine. Walipelekwa Langata kuchujwa. Walipitishwa mbele ya mtu aliyefunikwa gunia lenye matundu mawili ya macho, na gunia likitikisa kichwa basi safari yako ni kambi ya kizuizini ya Mackinnon Road au Manyani. Waliofungiwa walipita 20,000, na wanawake na watoto kwa maelfu wakarudishwa rizavu, maeneo ya mashambani waliyotengewa Waafrika. Haya nilikuwa nayajua. Nimeyasoma tangu sekondari.

Habari za chumba cha tatu ndizo sikuwa nazo.

Nyumba ya marehemu nyanya, pale Majengo, mnaijua kwa kuisoma hapa: ukumbi katikati, vyumba vitatu huku na vitatu huku, kuta za fito na udongo. Chumba cha tatu kilikuwa kimepangishwa kwa mama mmoja Mkikuyu aliyechuuza mboga, na alikuwa na binti wa miaka mitatu, labda minne. Mama yangu alikuwa na miaka minane. Wanajeshi, "majoni" anavyowaita, waliingia kabla ya jua. Yule mama akatolewa na kanga aliyolala nayo. Akaurudishia mlango wake nyuma yake, hakusema ndani kuna mtu. Alimtazama nyanya mara moja, basi. Askari akaubana ule mlango kwa nje na kusema atakayeufungua atapandishwa lori na yeye. Wengine wakaamriwa warudi vyumbani wasitoke, na askari mmoja akaachwa barazani.

Mtoto alikuwa amelala chini ya kitanda. Akaamka.

"Alilia," Mama akasema. Kidole kilikuwa kimesimama juu ya mchele. "Ukuta wa udongo hauzuii kitu. Na pale chini palikuwa na tundu, panya walilitoboa. Mkono wangu ulikuwa unapita."

Tik.

"Mamangu alikuwa amenipa mandazi mawili. Akaniambia nisiseme, nisisogee. Nikakaa nayo mkononi, namsikia."

Nikangoja.

"Nikayala yote mawili."

Askari waliondoka magharibi na nyanya akafungua mlango. Mtoto alikuwa ameketi kando ya kibuyu cha unga, mdomo mweupe mpaka masikioni. Alikuwa amekula unga mkavu. Hakuwa analia tena. Nyanya alimpikia uji, akamkalisha mapajani, akamnywesha kwa kijiko. Alikaa nao siku kumi na moja, akija kulala mkeka mmoja na Mama, mpaka akaja mwanamke aliyesema ni shangazi yake na kumpeleka rizavu. Hawakumwona tena. Mamake naye hakurudi kuchukua vitu vyake. Nyanya aliviweka kwenye sanduku la bati.

"La bluu?" nikauliza. Sauti yangu mwenyewe ilinishtua.

"La bluu."

Nimelikalia sanduku lile utoto wangu wote. Tulilifanya benchi, tukila juu yake mihogo na samaki, miguu ikining'inia. Nilidhani ni la nyanya. Mama anasema bado liko Majengo, chini ya kitanda chake, na halijafunguliwa.

Stima ikarudi, friji ikaanza kunguruma, na Mama akaomba nimsogezee kikombe cha vijiwe kisije kikapinduka. Nilitaka kumwomba radhi kwa yale ya Jumanne. Nikajaribu. Akasema, "Umenikosea nini? Si ulikuwa unasoma."

Nikakumbuka kitu kingine. Mwaka 2013 Uingereza ilipokubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa wazee 5,228 walioteswa wakati wa emajensi, tuliisikia pamoja kwenye redio, na Mama aliuliza, "Na waliokuwa watoto?" Nilimjibu sijui, nikaenda kuzima maziwa yaliyokuwa yanafurika.

Jumamosi nilitoka kazini saa saba nikaenda kwa miguu hadi Uhuru Park kuitazama ile sanamu ya mashujaa iliyozinduliwa 2015. Nimeipita mara nyingi. Mwanamke anampa mpiganaji chakula, na kila mmoja ametazama kwake, ili akikamatwa mmoja asiweze kuutaja uso wa mwenzake. Zamani nilitazama bunduki. Safari hii nilitazama mikono tu, ule umbali mdogo ambao chakula kinavuka. Mvulana mmoja wa kupiga picha aliniuliza kama nataka ya kumbukumbu, nikamwambia hapana, asante, halafu nikambadilishia neno nikapigwa picha.

Niliporudi nyumbani nilimkuta Mama amekwisha kaa kochini, kitabu kiko mapajani mwake. Alikuwa amepapasa jikoni mpaka akakipata juu ya friji, na sikujua kama nicheke au nimgombeze, maana sakafu ilikuwa na maji. "Haya, soma," akasema, "tumuone huyo mzungu na sigara yake." Hiyo ilikuwa haya ya kuondoka safari. Nilivua viatu nikaanza hata kabla ya chai.

Tulisoma saa mbili na nusu. Ofisa hakufungua ghala. Mama alikuwa amechangamka vile hajachangamka tangu Ramadhani, akimsahihisha mwandishi kila mahali. Kuna sehemu mama wa nyumba anateleka githeri, mahindi na maharage, na baada ya nusu saa wanapakua. "Githeri la nusu saa!" Mama akacheka mpaka akashika mbavu. "Huyu hakupika huyu." Lakini kwenye lile gunia la matundu mawili aliniomba nirudie, nikarudia, akasema, "Hapo ameuliza watu. Amefanya kazi."

Ikafika usiku, askari wanaondoka, mama anakimbilia ghalani. Nilikuwa nimechungulia mbele Jumatano, kwa hiyo nilijua. Anamtoa mtoto, anamkumbatia, na sura inaishia hapo. Sura inayofuata ni miaka miwili baadaye, wako kwenye kijiji cha mahandaki na waya. Kuhusu chakula, mwandishi hakuandika neno.

Mimi nikasema: "Akamkalisha karibu na moto, akamchomolea kiazi kitamu kutoka majivuni. Kilikuwa cha moto, akakimenya, akakipuliza, akamlisha mpaka kikaisha."

Mama alinyamaza kidogo.

"Kimeandikwa hivyo?"

"Kimeandikwa."

Akaupapasa mkono wangu, akaufikia, akaufunika kimya kwa kiganja chake. "Kikaisha chote?"

"Chote, Mama."

Nimeandika haya kwa sababu hakuna mtu mwingine wa kumwambia kwamba nimemdanganya mama yangu kitabu kikiwa wazi mbele yangu, na kwamba nikirudishwa pale nitasema vilevile, pengine nitaongeza na maziwa.

Sasa ni saa sita kasoro na wote wamelala. Mtungi wa gesi unanuka tangu jana asubuhi, pale kwenye shingo ya rekuleta. Nimeufunga, nimeutoa kibarazani, nimeacha dirisha la jikoni wazi na baridi inaingia yote. Fundi alisema kesho. Hii ndiyo kesho yenyewe. Nimempigia tena jioni, hapatikani.