Ngisi kibonge wa Hawaii na taa ambayo hakuzaliwa nayo

Juzi usiku nimerudia kipande kimoja cha video labda mara kumi na tano. Ngisi mdogo, mviringo kama kokwa, anatua kwenye mchanga. Anapuliza maji kwa ile bomba yake ya chini ya kichwa, mchanga unatimka, anadidimia kidogo, anapuliza tena upande wa pili, anazidi kushuka. Halafu, na hapa ndo nilikuwa narudisha nyuma kila mara, anatoa mikono miwili, mmoja kulia mmoja kushoto, anaanza kujizolea mchanga taratibu, anavuta, anajimwagia kichwani, anapapasa palipobaki wazi, anavuta tena, kama mtoto anayejifunika shuka mwenyewe, mpaka yanabaki macho tu. Ukigeuka kidogo ukarudi huoni kitu, ni mchanga mtupu.

Jina lake la kisayansi ni Euprymna scolopes, anaishi Hawaii tu, kwenye mchanga wa pwani zile za maji ya kina kifupi. Mi namuita ngisi kibonge maana ndivyo alivyo. Mwili wake ukitoa mikono ni kama sentimita tatu, uzito gramu chache, anaenea kwenye kijiko. Hana ule urefu wa mshale tuliouzoea kwa ngisi wengine, nyuma amekatika ghafla kama vile mkia ulisahaulika, na ubavuni ana mapezi mawili madogo ya mviringo yanayopiga piga kama masikio. Minyiri ni kumi kama kawaida ya ngisi, minane mifupi na miwili mirefu ya kurusha kukamata uduvi. Mioyo mitatu, damu yenye rangi ya buluu, na mdomo mgumu kama wa kasuku uliojificha katikati ya mikono.

Mchana kutwa amelala chini ya mchanga. Na si kwamba mchanga umemkalia tu hivi hivi, hapana, ngozi yake inatoa ute unaonata kama gundi kwahiyo hata akiinuka anaondoka na koti lake la mchanga mgongoni, na adui akimkaribia anaweza kuliachia lote kwa mara moja, linabaki linaelea pale kama kivuli chake na yeye kashachomoka, mara nyingine na wino juu. Nimelipenda hilo koti kuliko hata wino, maana wino anao kila ngisi.

Jua likizama anatoka kuwinda, na hapa ndo stori yenyewe inapoanza. Usiku kwenye maji ya kina kifupi mbalamwezi inashuka mpaka chini kabisa, sasa kiumbe yeyote anayeelea juu ya mchanga, samaki aliye chini yake akiangalia juu anaona kidoa cheusi kimeziba mwanga. Hicho kidoa ni chakula. Ngisi kibonge amelitatua hilo kwa kuwasha taa tumboni. Anatoa mwanga kuelekea chini, unaolingana na ule unaotoka juu kwa mwezi na nyota, na kidoa kinapotea. Mwezi ukiwa mkali anaongeza, wingu likipita anapunguza.

Hiyo taa ukiiangalia jinsi ilivyoundwa ni kama jicho lililogeuzwa. Nyuma yake kuna kioo cha protini kinachorudisha mwanga chini, mbele kuna lenzi safi inayopitisha mwanga, na mfuko wa wino unafanya kazi ya pazia, anaufungua na kuufunga kadiri anavyotaka mwanga utoke. Mwaka 2009 wanasayansi walionyesha kwamba kiungo hicho chenyewe kinahisi mwanga, kina protini za aina ileile zinazotumika machoni, yaani taa inajiangalia inavyowaka.

Ila anayewaka siyo ngisi. Wanaowaka ni bakteria, Vibrio fischeri, wanaoishi ndani ya vijifuko vya hicho kiungo kwa mamilioni na mamilioni, ngisi anawapa chakula na oksijeni na wao wanatoa mwanga wa kijani buluu. Na hawa bakteria wakiwa baharini mmoja mmoja hawawaki. Kila mmoja anatoa kemikali kidogo nje, wakiwa wametawanyika inapotea majini, wakibanana sehemu moja ile kemikali inajaa mpaka inakuwa kama ishara kwamba tumetimia, ndo wote wanawasha. Jambo hilo, bakteria kuhesabiana kwa kemikali, liligunduliwa kwa bakteria hawahawa, kwenye makala ya wanasayansi Nealson, Platt na Hastings ya 1970, leo linachunguzwa hata kwenye bakteria wanaosababisha magonjwa kwa watu. Mi hapo ndo huwa nawaambia watu wasidharau viumbe vidogo vya kwenye mchanga.

Sasa kuna kitu kinatokea kila alfajiri ambacho nikikifikiria nashindwa kukaa kimya. Kabla hajajifukia, ngisi anawatema karibu wote. Kama asilimia 95 ya bakteria wake anawamwaga baharini, kila siku, halafu anaingia mchangani. Wale asilimia tano waliobaki wanazaliana mchana yeye akiwa amelala, na hadi jioni taa imeshajaa tena. Hawalishi umati mzima wakati hauhitaji, anabaki na mbegu tu. Na waliomwagwa hawajapotea, wanabaki kwenye maji ya palepale wanapoishi ngisi, na wana kazi inayowasubiri.

Maana mtoto wa ngisi huyu anazaliwa gizani kabisa. Mama anataga mayai kwa mamia, anayabandika kwenye kitu kigumu kama mwamba au kipande cha matumbawe, anayapaka mchanga, na hakai kuyalinda. Lakini kabla ya hapo kila yai amelivika utando wenye bakteria kutoka kwenye tezi yake maalum, bakteria wa aina nyingine kabisa, kazi yao kuzuia kuvu isiliharibu yai. Ngoja nirudie hapa, kwa sababu mimi nilisoma mara ya kwanza nikapitiliza. Mama anaweza kuweka bakteria kwenye yai, na anaweka. Wa taa hawaweki. Mtoto atawatafuta mwenyewe.

Baada ya kama wiki tatu anatoka, urefu wake milimita mbili hivi, kawaida jioni giza linapoingia. Anaanza kuvuta maji kupumua, na kila mililita ya maji ya bahari ina bakteria kama milioni moja wa kila aina. Kati yao Vibrio fischeri ni wachache mno. Kile kiungo cha taa kimeshakaa tayari lakini kitupu, na nje yake kila upande kuna vijimkono viwili vyenye vinyweleo vinavyopiga maji kuyaelekeza kwenye vitundu vya kuingilia. Pale nje unatoka ute, bakteria wananasa humo, wa aina mbalimbali mwanzoni, kisha taratibu Vibrio fischeri wanazidi wengine kwenye huo ute. Kisha safari ya ndani, kitundu chembamba, njia nyembamba zaidi, kemikali kali za kuua wageni, na vipande vidogo vya sukari iitwayo kitini (chitin), ile ya kwenye magamba ya uduvi, vinavyowavuta hawa waje. Wachache sana, wakati mwingine mmoja au wawili kwa kifuko, ndo wanafika mwisho. Saa kumi na mbili baadaye wamejaa na yule mtoto anawaka kwa mara ya kwanza.

Na kuwaka ni lazima. Watafiti waliwahi kutumia bakteria waliobadilishwa wasiweze kutoa mwanga, wakaingia vizuri tu, ila baada ya siku chache idadi yao ikashuka, ngisi hakuwatunza kama wale wanaowaka. Kazi kubwa ya kuufuatilia uhusiano huu imefanywa na Margaret McFall-Ngai na Edward Ruby, tangu mwishoni mwa miaka ya 1980, na vielelezo vyao vingi walikuwa wakivipata kwa kuingia majini usiku pwani ya Oahu, kisiwa kimoja cha Hawaii, na taa na nyavu za mkono. Baadaye hawa ngisi wamepelekwa hadi angani, 2011 na tena 2021, kuona kama mnyama na bakteria wake wanaelewana vilevile pasipo uzito.

Kinachonishika zaidi ni kinachotokea kwa vile vijimkono vya nje. Bakteria wakishaingia, ngisi anaanza kuvibomoa. Ishara mojawapo inayoanzisha hiyo kazi ni kipande cha ukuta wa bakteria, molekuli ileile ambayo kwenye kifaduro inaharibu njia ya hewa ya mtoto wa binadamu, hilo lilionyeshwa mwaka 2004. Kwa mmoja ni ugonjwa, kwa mwingine ni maelekezo ya kukua. Na ukishapita muda wa kama saa 12 tangu waingie, hata ukiwaua bakteria wote kwa dawa ubomoaji hausimami, seli zinaendelea kufa moja baada ya nyingine. Ikifika siku ya nne au ya tano vijimkono vimekwisha, na huyo mtoto wa milimita chache anajizolea mchanga kichwani kwa mikono miwili vilevile kama mkubwa.