Amekiri, kwa hiyo kikao cha nini?

Jioni nzima nimekaa na nakala za jalada la rafiki yangu, mtumishi wa umma aliyefukuzwa kazi. Barua yenyewe ina sentensi tatu. Ya kwanza inasema alikuwa mtoro, ya pili inasema uongozi umesikitishwa, ya tatu inamwachisha kazi kuanzia tarehe ya barua. Hati ya mashtaka haimo. Barua ya kumtaka ajieleze haimo. Wala hakuna karatasi inayoonyesha nani waliketi kikaoni, kama kikao kilikuwapo. Nimefanya kazi masjala ya siri miaka mingi, na kwa mtu wa masjala namba za folio, yaani namba ya kila karatasi jaladani, zinatosha: malalamiko ya mkuu wa kitengo, kisha folio inayofuata, kufukuzwa.

Barua hainisumbui sana kama tulivyojibu sisi wengine. Karibu kila mtu tuliyefanya naye kazi ananiambia jambo lilelile: "Si amekiri mwenyewe? Kikao cha nini tena?" Hata yeye kaniambia kwenye simu, "Ndugu yangu, nimekiri, nitajitetea nini?"

Amekiri nini, hasa? Amekiri kwamba hakuwapo kazini. Hakuna aliyemuuliza alikuwa wapi, wala kama alitoa taarifa. Anasema siku ya kwanza alimpigia simu msimamizi wake. Labda ni kweli, labda si kweli, na mahali pa kulijua hilo ni mbele ya kamati, msimamizi naye akiwa ameitwa.

Kuna kesi ya Marekani ambayo huwa naikumbuka kila ninaposikia neno hili la "amekiri". James Loudermill aliajiriwa kuwa mlinzi na bodi ya shule za Cleveland mwaka 1979. Kwenye fomu ya maombi aliandika kwamba hajawahi kutiwa hatiani kwa kosa kubwa la jinai. Baadaye ikagundulika kuwa mwaka 1968 alitiwa hatiani kwa wizi mkubwa. Akafukuzwa kwa barua, bila kuulizwa. Yeye alisema aliamini lile lilikuwa kosa dogo kisheria. Mwaka 1985 Mahakama ya Juu ya Marekani ikaamua kwamba mtumishi wa namna yake, ambaye sheria hairuhusu afukuzwe bila sababu, kabla hajaondolewa, lazima aambiwe tuhuma, aelezwe ushahidi uliopo na apewe nafasi ya kutoa maelezo yake. Si lazima iwe kesi ndefu. Nilichokipenda ni hoja ya majaji kwamba hata pale ambapo hakuna ubishi juu ya kilichotokea, bado kuna swali kama kufukuza ndiyo adhabu inayofaa, na wakati wa kulijibu swali hilo ni kabla mtu hajatoka mlangoni. Mtoro anaweza kupewa onyo. Anaweza kukatwa mshahara, au kushushwa cheo. Nani aliyapima hayo kwa huyu wa kwetu?

Sasa nasikia wakubwa wanataka kumwita "aje ajieleze", baada ya barua kutoka. Hapo ndipo nilipocheka peke yangu, maana ujanja huu ni mzee kuliko sisi. Charles Ridge alikuwa mkuu wa polisi wa Brighton, Uingereza, askari wa miaka mingi. Alishtakiwa kwa njama, mahakama ikamwachia, ila jaji akamsema vibaya kuhusu uongozi wake. Machi 1958 kamati iliyosimamia polisi ikakutana na kumfukuza bila kumpa tuhuma wala kumsikiliza. Siku chache baadaye wakamruhusu wakili wake aseme mbele yao, kisha wakashikilia uamuzi uleule. Shauri lilifika ngazi ya mwisho ya rufaa mwaka 1963, na majaji wakasema uamuzi ule ulikuwa batili, na kikao cha pili hakikuutibu. Ridge hakudai kurudi kwenye kiti. Alichopigania ni haki yake ya pensheni. Yeyote aliyewahi kupitisha mafaili ya wastaafu anajua kwa nini.

Kamati iliyokwisha kusaini haisikilizi, inatafuta sababu za saini yake. Hali huwa mbaya zaidi pale mwanasiasa anapomfukuza mtu jukwaani, watu wakapiga makofi, kisha ofisi ikaagizwa "ifuate taratibu". Ni mjumbe gani wa kamati atakayeandika kwamba tuhuma hazikuthibitika?

Mkuu wa taasisi ya umma mara nyingi hujiona mwenye kazi, kana kwamba mshahara unatoka mfukoni mwake. Mamlaka ya kufukuza amepewa na sheria, na sheria hiyohiyo ndiyo iliyompa njia ya kupita. Mkataba namba 158 wa Shirika la Kazi Duniani, wa mwaka 1982, unasema mfanyakazi asiachishwe kwa sababu ya mwenendo au utendaji kabla ya kupewa nafasi ya kujitetea, isipokuwa pale isipowezekana kumtaka mwajiri atoe nafasi hiyo. Kenya wameliingiza kwenye katiba ya 2010, ibara ya 236: mtumishi wa umma hafukuzwi wala hashushwi cheo bila utaratibu wa kisheria. Na njia ikirukwa, mahakama ikaamuru malimbikizo ya mishahara, anayelipa ni hazina. Aliyesaini barua anaendelea na kiti chake. Hili linanikera kuliko yote, na sijaona likisemwa vya kutosha.

Rasimu ya rufaa ya rafiki yangu ilianza na watoto, ada na mkopo. Nimeviweka chini kabisa. Mwanzo tumeandika kwamba hakupewa hati ya mashtaka, kisha kwamba hakuitwa kujitetea, kisha simu ile na jina la aliyeipokea, kisha kwamba adhabu ni kubwa kuliko kosa hata likithibitika. Tumeomba pia nakala ya muhtasari wa kikao kilichoamua. Kama haupo, waseme kwa maandishi. Yeye alitaka kusubiri kwanza aone huko kujieleza kutaleta nini. Nimemkatalia, kwa sababu muda wa rufaa unahesabiwa tangu alipopokea barua ya kwanza. Tunaipeleka Jumatatu, kwa mkono, na nakala yetu lazima igongwe muhuri wa kupokelewa.