Barafu ya ncha za dunia: uliza kwanza ni barafu ipi

Septemba 2014 barafu inayoelea kuzunguka Antaktika ilitanda hadi kupita kilometa za mraba milioni 20, eneo kubwa kuliko yote yaliyopimwa na setilaiti tangu mwishoni mwa 1978. Waliochoshwa na habari za tabianchi wakapata la kusema. Februari 2023 barafu hiyohiyo ikasinyaa hadi milioni 1.79, rekodi ya upande wa chini, na mara hii wakapiga kelele wengine. Ukiziweka tarakimu hizo mbili ubavu kwa ubavu umeshapotea njia: kule kusini Septemba ni mwisho wa majira ya baridi, Februari ni mwisho wa kiangazi. Linganisha Septemba kwa Septemba. Mwaka 2014 zaidi ya milioni 20, mwaka 2023 milioni 16.96. Hapo kuna habari ya kweli, na ni nzito vya kutosha bila kutiwa chumvi.

Chumvi, kwa kweli, ndiyo inayoitenga barafu ya bahari na nyingine zote. Maji ya bahari huganda yakifika takriban nyuzi 1.8 chini ya sifuri. Kwanza hutokea chembe nyembamba zinazoelea, uso wa bahari ukaonekana kama umemwagiwa mafuta. Mawimbi yakizisukasuka, hushikana zikawa visahani vyenye kingo zilizonyanyuka kwa kugongana, kisha visahani huungana kuwa ubao mmoja. Fuwele ya barafu haina nafasi ya chumvi, kwa hiyo chumvi husukumwa kando na kubaki kwenye vijifereji vya maji makali vilivyopenya katikati ya ubao huo. Maji hayo mazito huvuja polepole kwenda chini, na kandokando ya Antaktika yanasaidia kuendesha mikondo ya kina kirefu. Ndani ya vijifereji humohumo huota mwani, krili, vijidudu vya bahari vinavyofanana na kamba wadogo, huula kwa chini, na pengwini na nyangumi huwala krili.

Barafu ya msimu mmoja hufika unene wa mita moja na nusu hadi mbili hivi. Ikinusurika kiangazi, chumvi huendelea kuchuruzika, barafu inakuwa ngumu na kunenepa hadi mita tatu au nne, na ile ya miaka kadhaa ukiiyeyusha maji yake yananyweka. Hii kongwe ndiyo iliyopotea Aktiki, yaani kwenye ncha ya kaskazini. Katikati ya miaka ya 1980, barafu yenye umri wa zaidi ya miaka minne ilikuwa karibu theluthi ya barafu yote ya huko. Leo ni sehemu ndogo tu. Ramani ya Machi yaweza kuonekana nyeupe karibu kama zamani, lakini weupe haukuambii unene. Ubao mwembamba huvunjwa na dhoruba moja na kuisha Julai.

Hata hilo eneo lina ujanja wake wa kupimwa. Setilaiti husoma mawimbi ya maikrowevu yanayotoka baharini, yanayopita mawinguni na hayahitaji jua, jambo la lazima mahali penye giza la miezi. Bahari hugawanywa katika miraba, mara nyingi ya kilometa 25 kwa 25. Mraba wenye barafu asilimia 15 au zaidi huhesabiwa wote kuwa una barafu. Ndiyo maana takwimu ya mtando, yaani jumla ya miraba hiyo, huwa kubwa kuliko ya eneo halisi la barafu, na anayechukua moja kutoka huku na nyingine kutoka kule atapata tofauti ambayo haipo. Wakati wa kiangazi madimbwi ya maji huzagaa juu ya barafu, na kifaa huyaona kama bahari tupu.

Kaskazini, Septemba iliyoshuka kuliko zote ni ya 2012: kilometa za mraba milioni 3.4 hivi, wakati mwanzoni mwa miaka ya 1980 ilikuwa karibu milioni 7. Kwa kuwa miaka mingi ilipita bila rekodi hiyo kuvunjwa, wapo wanaosema kuyeyuka kumesimama. Tazama mchoro tena: tangu 2007, kila kiwango cha chini cha Septemba kimekuwa chini ya vyote vilivyopimwa kabla ya mwaka huo. Mstari unapanda na kushuka kwa hali ya hewa ya mwaka, lakini haujarudi ulikokuwa.

Sababu mojawapo ni rangi. Theluji mpya hurudisha juu asilimia 80 hadi 90 ya mwanga wa jua. Bahari wazi hairudishi hata asilimia 10. Barafu ikiondoka Juni badala ya Agosti, maji hunywa jua la miezi mirefu, kisha hulirudisha hewani kama joto vuli inapofika. Kwa hiyo ongezeko la joto la Aktiki ni kali zaidi vuli na baridi kuliko kiangazi. Kiangazi joto jingi humalizwa na kazi ya kuyeyusha: kugeuza kilo moja ya barafu ya nyuzi sifuri kuwa maji hula joto linalotosha kupasha kilo moja ya maji kutoka sifuri hadi nyuzi 80. Kwa jumla Aktiki imepata joto karibu mara nne ya wastani wa dunia tangu 1979.

Pamoja na hayo yote, barafu ya bahari ikiyeyuka haipandishi maji kwa kiasi cha kuonekana, kwa sababu inaelea na tayari imeshachukua nafasi yake. Kinachopandisha bahari ni barafu ya nchi kavu. Ya Greenland yote ingepandisha zaidi ya mita 7, ya Antaktika karibu mita 58. Hupimwa, pamoja na njia nyingine, kwa setilaiti mbili zinazofuatana zikiachana kilometa 220 hivi. Ya mbele ikikaribia mahali pazito huvutwa kidogo, pengo likapanuka kwa kiasi kinachohesabiwa kwa sehemu za elfu za milimita. Vipimo hivyo vilianza 2002, vikakatika 2017, vikaendelea 2018 kwa jozi mpya. Vinaonyesha Greenland ikipoteza kwa wastani karibu tani bilioni 270 kwa mwaka, na Antaktika zaidi kidogo ya nusu ya hizo. Tani bilioni 360 ni milimita moja ya bahari ya dunia nzima. Kosa kubwa linaloweza kuingia hapa linatoka chini: mwamba bado unainuka baada ya kutuliwa mzigo wa enzi ya barafu, na kuinuka huko huonekana kwenye mvutano kama barafu iliyoongezeka. Lazima kutolewe, na kwa Antaktika marekebisho hayo si madogo.

Greenland hupoteza kwa kuyeyuka juu na kwa kumega vilima vya barafu baharini. Antaktika ni baridi mno juu. Hesabu yake iko chini, pale barafu inapoacha kukalia mwamba na kuanza kuelea kama rafu. Barafu Magharibi mwa Antaktika imekalia mwamba ulio chini ya usawa wa bahari, na mwamba huo huteremka kadiri unavyoingia bara. Maji ya kina yanayoufikia si ya moto kwa mtu, ni kama nyuzi 1 juu ya sifuri. Ila mgandamizo wa kina hushusha kiwango cha kuganda: kwenye mita 1,000 maji ya chumvi huganda kwenye nyuzi 2.6 hivi chini ya sifuri. Maji ya nyuzi 1 hapo yana zaidi ya nyuzi 3 za kuyeyushia. Mstari wa kuelea ukirudi nyuma, unafika penye barafu nene zaidi, na penye lango nene barafu hutiririka kwa wingi zaidi. Thwaites, mto wa barafu wenye upana wa kilometa 120 hivi, umekaa namna hiyo, nao peke yake una akiba ya takriban sentimita 65 za bahari.

Rafu yenyewe ikivunjika bahari haipandi, maana ilikuwa inaelea. Larsen B, rafu mojawapo ya Antaktika, ilituonyesha kinachofuata. Mapema 2002 madimbwi ya maji yalijaa nyufa zake. Maji ni mazito kuliko barafu, yakaupasua kila ufa hadi chini, na kilometa za mraba zipatazo 3,250 zikasambaratika ndani ya wiki chache. Breki ikawa imeng'oka: mito ya barafu iliyokuwa nyuma yake ikaongeza kasi mara kadhaa.

Barafu iliyofichika udongoni nayo inaondoka. Ardhi iliyoganda daima kaskazini ina takriban tani bilioni 1,500 za kaboni, karibu mara mbili ya iliyomo angani, na barafu iliyoishikilia ikiyeyuka ardhi hudidimia pamoja na barabara na mabomba.

Kwa historia ndefu, tuna mapovu ya hewa yaliyonaswa ndani ya barafu. Theluji hugandamizwa na theluji inayofuata, na kwa kina cha mita 60 hadi 100 hivi vijitundu vya hewa hufungika. Kwa hiyo hewa iliyo ndani ya barafu ni changa kuliko barafu yenyewe, mahali pakavu kwa maelfu ya miaka. Asiyekumbuka hili atakosea kusema kipi kilianza, joto au hewa ukaa. Nguzo ya barafu iliyochimbwa Dome C, huko Antaktika, yenye urefu wa karibu kilometa 3.2, inarudi nyuma miaka 800,000, na katika muda wote huo hewa ukaa ilikuwa kati ya sehemu 180 na 300 hivi kwa milioni. Sasa imepita 420. Januari 2025 uchimbaji mwingine ulifika mita 2,800, kwenye barafu yenye miaka isiyopungua milioni 1.2.

Na maji hayo yakiingia baharini hayajigawi sawa. Barafu ya Greenland ni nzito kiasi cha kuivuta bahari kuelekea kwake. Ikipungua, mvutano hulegea, maji huondoka, na ardhi iliyotuliwa mzigo huinuka. Kipimo cha maji kilichosimikwa pwani ya Greenland huonyesha bahari ikishuka, huku maji yaleyale yakihesabiwa kuwa yamepanda maelfu ya kilometa kusini.