Jinsi nilivyoziokoa alama za uchawi za riwaya yangu

Alama za uchawi katika dunia niliyoibuni zilikuwa zimefika 63, kila moja na kazi yake peke yake. Nikikwama kwenye sura, nachora nyingine. Kufikia sura ya 9 shujaa wangu hakuwa na hatari yoyote tena, na mimi mwenyewe nilikuwa nachanganya alama ya kufunga mlango na ya kuzima moto.

Kilichonifungua macho ni runi, maandishi ya kale ya Ulaya ya Kaskazini. Futhark, yaani alfabeti ya runi, ya zamani zaidi ina herufi 24 tu, zenye mistari ya wima na ya mshazari, karibu bila mstari wa kulala. Maelezo ya kawaida ni kwamba zilichongwa kwenye ubao: mkato wa kulala, unaofuata nyuzi za mti, hupotea machoni. Yaani kifaa ndicho kilichoamua umbo! Nililifurahia jambo hili wiki nzima.

Basi nikaanza na kifaa. Wachawi wangu huandika kwa kidole juu ya majivu. Hakuna nukta ndogo, hakuna mapambo, na upepo hufuta kila kitu. Nikabakiza alama 12: 8 za vitu, 4 za vitendo. "Funga" juu ya "maji" huleta barafu. "Funga" chini ya "maji" huleta kiu. Ukikosea mpangilio, uchawi unakurudia.

Sura ya 9 niliiandika upya. Sasa shujaa amejificha ghalani, majivu kiganjani, na dirisha halifungiki.